Barua ya wazi: Kamera inayotazama roshani yetu ni ya nani?

Kwa Waheshimiwa Wajumbe wa Baraza la Wawakilishi, Chukwani. Kwa Waziri mwenye dhamana ya Tawala za Mikoa. Kwa Kamishna wa Polisi Zanzibar. Na kwa wakuu wa Baraza la Manispaa Mjini.

Assalaamu alaykum, na wasiokuwa Waislamu nawasalimu kwa heshima ile ile.

Mimi ni mkunga mstaafu, mkaazi wa Mkunazini. Nimekaa wodi ya wazazi miaka 31, kwa hivyo baadhi yenu niliwapokea mikononi kabla hamjawa waheshimiwa, na wengine niliwapokelea watoto wenu. Sitasema nani. Hiyo ndiyo kazi yetu ilivyo, na ndiyo iliyonishikisha kalamu.

Mwezi wa Shaaban walikuja mafundi na ngazi, wakafunga kamera kwenye ukuta wa jengo linalotazamana na nyumba yetu. Ilikuwa kazi ya asubuhi moja. Wakapewa chai na jirani, wakashukuru, wakaondoka. Hapana aliyetwambia kitu, na sisi, kwa adabu au kwa ujinga, hatukuuliza. Kamera yenyewe ni ile ya mviringo, kama bakuli jeusi lililofudikizwa. Chini yake hapana kibao, hapana jina la mwenyewe, hapana namba ya simu.

Nyumba yetu ni ya zamani, ya ghorofa mbili, na juu kuna roshani na sehemu ya wazi tunayoanikia nguo. Hapo ndipo tunapokaa baada ya Maghribi, mimi na wakwe zangu na wajukuu wa kike, vichwa wazi, kanga moja, maana joto la Kaskazi mnalijua. Bakuli lile limekaa usawa wa roshani hiyo. Tangu siku ile wanawake wa nyumba hii wanaanika nguo na mitandio kichwani, kama wapo njiani.

Nisisomwe vibaya. Sipingi kamera. Mwaka juzi mtoto wangu wa mwisho aliibiwa vespa Darajani, mchana kweupe, watu wamejaa. Akenda kituoni, askari wakatafuta kwenye picha, wakamuona kijana anaipanda vespa kama yake mwenyewe, wakamfuata kamera kwa kamera mpaka njia ya Amani. Siku ya tatu vespa ikarudi, imepungua kioo kimoja tu cha ubavuni. Nikapika biriani sufuria zima, nikaipeleka kituoni kwa mkono wangu. Kwa hivyo anayetaka kunihesabu miongoni mwa watu wasiotaka maendeleo, akawaulize askari wa zamu ile kuhusu biriani.

Na khofu naijua. Novemba 2012 Sheikh Fadhil Soraga alimwagiwa tindikali. Februari 2013, asubuhi ya Jumapili, Padri Evarist Mushi akapigwa risasi akafariki. Agosti ya mwaka huo huo wasichana wawili wa Kiingereza waliokuja kujitolea wakamwagiwa tindikali humu humu Mji Mkongwe. Juni 2014 likaripuka bomu Darajani. Miaka ile tulikuwa tukitoka zamu ya usiku wauguzi wanne wanne, hapana anayethubutu kupita kichochoroni peke yake, na kila aliyebeba chupa tulimtazama mkono. Aliyeishi siku zile hawezi kumcheka mtu anayetaka mji uwe na macho.

Ila macho hayo nayo yana kadiri yake. Mwaka 2019 watafiti walizikusanya tathmini 80 za kamera za ulinzi zilizofanywa nchi mbalimbali kwa muda wa miaka 40. Waliona kwamba penye kamera uhalifu hupungua, kwa wastani wa asilimia 13 hivi, na faida kubwa kabisa ilikuwa kwenye viwanja vya kuegesha magari. Kwa makosa ya kupigana na kujeruhi, tofauti ya maana haikuonekana. Nikiitia habari hiyo kwenye lugha ya mji wetu: kamera inamfaa zaidi mwenye vespa kuliko aliyemwagiwa tindikali. Ni faida, siikatai. Lakini tunapoambiwa tutoe kitu kwa ajili ya usalama, tuna haki ya kujua tunanunua nini na kwa bei gani.

Sasa kisa cha pili, na hiki hakina biriani.

Kuna mtoto wa jirani yangu, mwanamke mtu mzima sasa, aliyegombana na mumewe usiku, saa tano imeshapita. Alitoka hana buibui, hana viatu, akakaa kwenye baraza ya nyumba ya watu, akalia. Hakufika robo saa. Bibi mmoja akamtupia kanga, akamtia ndani. Asubuhi wazee wakakaa kitako, mume akaomba radhi, mambo yakaisha. Mitaa yetu ndivyo ilivyo: wamejua watu wanne, na wanne hao wamenyamaza.

Baada ya siku chache picha ikaanza kutembea. Mimi niliipata kwenye kundi la WhatsApp la ukoo, lenye watu zaidi ya mia mbili, wengine wapo Muscat, wengine London. Ilitoka kwenye kamera ya ukutani ya ofisi moja. Si faili lenyewe lililotolewa. Mtu alielekeza simu yake kwenye skrini akarikodi. Unaona kivuli cha kichwa chake kwenye kioo. Unasikia feni. Unasikia watu wawili wanacheka, na mmoja anasema, "Ivute, ivute, hebu muone." Na kweli picha inavutwa, mpaka uso wa mtoto yule unajaa skrini nzima, na machozi yake.

Nimeisikiliza mara moja tu. Sauti ile ya "ivute" bado ninayo masikioni. Usiku ule hapana mwizi aliyekuwa akitafutwa. Kulikuwa na mfanyakazi wa zamu, usiku mrefu, na kioo mbele yake kinachomletea mambo ya watu bila ya yeye kuonekana na yeyote. Simfanyi shetani. Nimefanya zamu za usiku, najua mtu anavyochoka na anavyotafuta la kumkeshesha. Ndiyo maana wodini kwetu hatukuachiwa tujitegemee kwa tabia zetu njema. Daftari la wazazi lilikuwa kabatini, ufunguo kwa sista wa zamu, na aliyelifungua alitia saini na saa. Mwaka mmoja mhudumu alimnong'oneza mtu sokoni kwamba binti wa fulani kajifungua. Wiki haikuisha, hayupo tena wodini. Haikuhitajika kamera kumjua, maana daftari lilionyesha nani aliingia.

Mtoto yule alikuwa mwalimu wa skuli ya maandalizi. Wazazi wakaanza kutazamana wanapoleta watoto. Mwezi haukutimia akapanda boti kurudi kwao Pemba, na mpaka leo yuko huko. Amenipa ruhusa niandike, kwa sharti nisimtaje. La pili nimejiwekea mwenyewe: nimebadilisha mambo mawili matatu ya kisa chake ili anayesoma asimtambue.

Mama yake alinijia akanambia, dada, twende wapi? Nikamwambia twende tu, mji una wakubwa. Ofisi ya kwanza wakasema kamera si yetu, ile ni ya mradi. Ofisi ya pili wakasema mradi ulishakabidhiwa, nendeni kwa waliokabidhiwa. Ofisi ya tatu tulimkuta kijana mstaarabu, alitupa viti na maji, akasikiliza mpaka mwisho. Akatwambia aliyesambaza picha anaweza kutafutwa kwa Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015, na akaanza kuandika. Mama yake mtoto akamkatiza: "Mwanangu, mimi siulizi nani kasambaza. Hata mimi nimeipata, na kundi zima limeipata. Nauliza nani alikuwa na ufunguo wa chumba." Kijana akaiweka kalamu chini. "Bi mkubwa, hilo ni kosa kweli," akasema. "Lakini nikuandikieni chini ya sheria gani?"

Swali lile nililichukua nikaja nalo nyumbani. Mstaafu ana wakati, na mjukuu wangu anasoma sheria, basi tumekaa naye jioni nyingi, yeye anasoma, mimi namsumbua kwa maswali. Niliyoyaelewa ni haya, na penye kosa mnisahihishe hadharani.

Katiba ya Zanzibar ya 1984, kifungu cha 15, inampa kila mtu haki ya kuheshimiwa na kuhifadhiwa: nafsi yake, maisha yake ya faragha, familia yake, unyumba wake, maskani yake na mawasiliano yake. Ibara ya 16 ya Katiba ya Muungano inasema hivyo hivyo, na inaongeza kwamba dola iweke utaratibu wa sheria kueleza faragha ya mtu yaweza kuingiliwa katika hali gani, kwa namna gani na kwa kiasi gani. Kwa hivyo waliotunga Katiba hawakuwa watoto. Walijua kuna siku mtu ataingiliwa kwa haja ya usalama. Wakataka iandikwe mapema lini, vipi, na wapi pa kusita.

Kisha ikaja Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi, Namba 11 ya 2022. Ilianza kufanya kazi Mei 2023, na Tume yake ikazinduliwa rasmi Aprili 2024. Nilipoisikia nilifurahi. Inamtaka anayekusanya taarifa za watu ajisajili kwa Tume, aseme anazikusanya kwa kazi gani, azihifadhi kwa usalama. Inampa mtu haki ya kujua nini kimekusanywa juu yake, akione, akitake kisahihishwe. Mjukuu wangu akanambia, "Bibi, ngoja, usifurahi bado," akanionyesha mwanzo kabisa wa sheria. Sheria hiyo inatumika Tanzania Bara na Zanzibar, isipokuwa kwa upande wa Zanzibar haihusu mambo yasiyokuwa ya Muungano, yaani yale yaliyo chini ya Serikali ya Zanzibar peke yake.

Hapo ndipo nilipoielewa kalamu ya yule kijana.

Polisi ni jambo la Muungano. Posta na simu ni jambo la Muungano. Vidole vyetu tulivyobonyeza kusajili laini, tukapanga foleni mpaka tarehe ikasogezwa kutoka Disemba 2019 kwenda Januari 2020, vipo upande huo. Lakini Manispaa si ya Muungano. Sheha na daftari lake la nani amehamia na nani amelala mgeni kwa nani si wa Muungano. Skuli za watoto si za Muungano. Hospitali, Mungu wangu, hospitali, zenye majina ya wenye maradhi yasiyotajwa na ya mabinti waliojifungua, si za Muungano. Yaani sheria hii ya 2022 imefunga mlango wa mbele, na yale ya ndani kabisa yamebaki uani, nje ya komeo lake.

Kwa hivyo picha ya roshani yangu, kama bakuli lile ni la Polisi, ina sheria yake, hata kama sheria hiyo yenyewe imeacha nafasi pana kwa mambo ya usalama wa taifa na kuzuia uhalifu. Kama bakuli ni la Manispaa au la idara nyengine ya SMZ, Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar, nimeuliza ofisi tatu na hapana aliyenitajia sheria yake. Na kwa kuwa hakuna kibao, hata sijui niuliwe na kisu kipi. Jua ni lile lile, roshani ni ile ile, kichwa wazi ni kile kile. Haki yangu inategemea rangi ya gari iliyowaleta mafundi, nami siku ile sikuitazama.

Waheshimiwa wa Chukwani, mambo yasiyo ya Muungano ni yenu. Tunapotetea mamlaka ya Zanzibar sauti zetu hupanda, na ni haki zipande. Basi hili hapa ni jambo lililo mikononi mwenu kabisa, halihitaji kikao cha kero za Muungano wala kumsubiri mtu avuke bahari.

Nitasema kidogo juu ya hodi, na masheikh waliomo humo watanivumilia. Suratun-Nur, aya ya 27, inatukataza kuingia nyumba za watu mpaka tuombe ruhusa na tuwatolee salamu wenyewe. Suratul-Hujurat, aya ya 12, inatukataza kuchunguzana. Haya kila mtoto wa chuoni anayajua. Lakini kuna hadithi iliyomo kwa Bukhari na Muslim ambayo mara nyingi tunaipita mbio: Mtume, rehema na amani zimshukie, alipomuona mtu anachungulia tunduni mwa nyumba yake, alieleza kwamba kuomba ruhusa kumewekwa kwa sababu ya jicho. Kwa sababu ya jicho, hakutaja mguu. Aliyesimama nje akachungulia ndani amekwisha kuingia, japokuwa viatu vyake viko njiani.

Na mji huu umejengwa kwa fikra hiyo. Tazameni madirisha ya chini ya nyumba za zamani, madogo na ya juu, ili mpita njia asione ndani. Tazameni baraza, imewekwa nje ili mgeni mwanamme apate heshima yake bila ya kuvuka mlango. Beit al-Ajaib, aliyoijenga Sayyid Barghash mwaka 1883, iliunganishwa na majumba ya jirani kwa madaraja ya juu ili wanawake wa kasri wapite bila ya kuonekana na waliopo chini. Hatuwezi kujisifu kwa wageni kuwa Mji Mkongwe umo katika urithi wa dunia tangu mwaka 2000, tukawaonyesha milango na madirisha, kisha tukasahau madirisha yale yalikuwa ya nini. Mimi nikitaka kubadilisha fremu ya dirisha langu naandika barua kwa Mamlaka ya Hifadhi, nasubiri mkaguzi. Jicho linaloingia ndani ya dirisha hilo hilo lilifungwa asubuhi moja, baina ya chai na adhana ya adhuhuri.

Watu huniambia, Bibi, asiye na la kuficha khofu yake nini. Hunijibia hivyo vijana, wazee hawasemi. Nami nawajibu kwa kazi yangu. Wahenga walisema mficha uchi hazai. Kweli kabisa, nimewaona wanawake waliona haya mpaka wakaponea chupuchupu. Ukitaka salama unafunua. Lakini unamfunulia mkunga, nyuma ya pazia, mtu unayemjua jina, aliyekula kiapo, na likishapita lililokuleta unafunikwa. Hapana aliyewahi kusema mwanamke akazae Darajani sokoni kwa kuwa hana la kuficha. Mimi nakubali kufunua kwa ajili ya usalama wa mji. Nataka pazia na nataka kumjua mkunga.

Nina la wazee pia, kwa nini wao hawasemi "sina la kuficha". Wajerumani wa Mashariki waliotujengea nyumba za Kikwajuni na Kilimani baada ya Mapinduzi, ndio hao hao waliokuja kuwafunza watu wetu wa usalama namna ya kuwaangalia watu. Nilikuwa mdogo. Nakumbuka baba akifunga kwanza dirisha la njiani ndipo akafungua redio, na akinyamaza tukiingia sisi watoto, si kwamba hakutupenda, bali mtoto huulizwa skuli naye husema. Barazani watu walizungumza mpira na bei ya samaki. Leo nikipita Jaws Corner, kijiwe cha kahawa cha Mji Mkongwe, nikasikia wanaume wanabishana siasa mpaka kahawa inapoa, mmoja anaapa, mwengine anamcheka, nafsi yangu hutulia. Mabishano yale ni afya ya mji. Siku mtu atakapoinua macho kutazama ukutani kabla ya kusema, hakutakuwa na tangazo wala sheria iliyopitishwa. Kahawa itanywewa kimya tu.

Wajerumani wenyewe, nchi yao ilipoungana, walipitisha sheria mwishoni mwa 1991, na tangu Januari 1992 raia anaweza kwenda kuomba faili alilowekewa na usalama wa zamani akalisoma. Wapo waliolisoma wakakuta aliyekuwa akiwaandika ni rafiki. Machungu, lakini wamejua. Sisi faili zetu za wakati ule ziko wapi sijui, wala leo siziombi. Nakumbusha tu kwamba tumeshapita njia hii mara moja bila ya kamera hata moja.

Na la kamera zinazotambua nyuso, nasema mapema kabla halijaletwa kwa jina la mradi mwengine. Agosti 2020 mahakama ya rufaa ya Uingereza iliwaambia polisi wa kusini mwa Wales kwamba walivyotumia kamera za namna hiyo si halali, kwa sababu askari waliachiwa uhuru mno wa kuamua nani awekwe kwenye orodha na kamera zifungwe wapi. Jirani zetu Kenya, Oktoba 2021, Mahakama Kuu ilisema kutolewa kwa kadi za Huduma, vitambulisho vyao vipya vya taifa, ni kinyume cha sheria maana haikufanywa kwanza tathmini ya madhara kwa taarifa za watu, kama sheria yao ya 2019 inavyotaka. Hizo ni serikali zenye wanasheria wengi kuliko sisi, na bado zilikwenda mbio zikarudishwa nyuma. Zanzibar ndogo. Mtu akitambuliwa uso hapa, ametambuliwa yeye, ukoo wake na aliyefuatana naye.

Ninachokuombeni hakihitaji fedha za wafadhili.

Kila kamera ya njiani iwe na kibao chini yake, kwa Kiswahili, kinachosema ya ofisi gani na simu gani ipigwe. Duka la dawa lina kibao, gari ya shamba ina namba ubavuni. Kamera nayo haiwi kubwa kuliko hivyo. Roshani, madirisha na nyua zizibwe kwenye picha. Hili fundi mmoja amenionyesha kwenye simu yake, unachora mraba juu ya dirisha na pale panakuwa peusi, kamera inaona njia tu. Ni kazi ya dakika tano, na ndiyo inayoniuma kuliko zote, kwamba dakika tano hizo hapana aliyezikumbuka.

Chumba cha skrini kiwe na daftari kama la wodini: nani ameingia, saa ngapi, ametazama nini, kwa ombi la nani. Simu za mkononi zibaki mlangoni. Hilo la simu naomba lisisubiri sheria wala kikao, lifanywe leo usiku. Picha zisizohusu kesi zifutwe baada ya siku zitakazotajwa na sheria. Mimi si mtaalamu wa idadi, lakini nataka idadi iandikwe na ijulikane. Na anayetaka kumfuata mtu mmoja maalumu, nyendo zake au simu yake, kwanza apite kwa hakimu. Polisi wazuri hawatachelewa kwa hilo. Askari walionirudishia vespa walikuwa na ripoti ya wizi mkononi kabla hawajagusa picha, na walimpata mwizi siku ya tatu.

Lakini kubwa ni sheria yenyewe. Leteni Barazani mswada wa kulinda taarifa za watu kwa mambo yasiyo ya Muungano, ukaguse Manispaa, masheha, skuli na hospitali, uwe na mtu wa kupelekewa malalamiko ambaye si huyo huyo anayelalamikiwa. Muuite jina mnalolitaka. Ukifika kwenye kamati, mwaite na wauguzi, mwaite na masheha, maana sisi tumetunza siri za watu kwa daftari na kufuli miaka mingi kabla ya kompyuta, na tunajua zinavuja wapi.

Jirani zangu 41 wametia saini nakala ya barua hii. Ipo kwa sheha, na nyengine nitaileta Chukwani mwenyewe kikao kikifunguliwa. Nitakaa kwenye viti vya wageni, mtaniona.

Jambo moja la mwisho, na hili ni la usalama mtupu. Kamera ya kona ya pili, kule nyuma ambako taa ya njiani imeungua, imekufa tangu mvua za masika. Waya unaning'inia. Wavuta bangi wameshaigundua na wamehamia chini yake. Nimetaka kuripoti, nimekwenda mpaka pale nikatafuta namba ya kupiga. Hakuna kibao.

Wassalaam,
Mkunga mstaafu, mkaazi wa Mkunazini, Unguja